Babu alikuwa KAR au JWTZ? Sare iliyo pichani inasema nini, na inanyamazia nini

*"Shikamoo mtaalamu. Nina picha ya babu, baba yake baba, aliyefariki mwaka 1991. Amesimama studio, mkono mmoja juu ya kiti, amevaa koti la kijeshi na kofia pana iliyokunjwa ubavu mmoja. Kwenye kofia kuna beji ambayo bibi huiita 'pembe'. Mkononi ana V mbili, na kifuani, upande wake wa kulia, kuna vipande viwili vya utepe. Nyuma imeandikwa kwa kalamu: Tabora 1964. Miaka yote tumeambiwa babu alikuwa miongoni mwa wanajeshi wa kwanza wa JWTZ, Jeshi la Wananchi wa Tanzania. Sasa baba mdogo anasema alikuwa KAR, lile jeshi la mkoloni, na shangazi ametunong'oneza kwamba alifukuzwa pamoja na walioasi. Nimeipitisha picha kwenye programu ya simu inayotia rangi, koti limetoka kijani kabisa, kama la JWTZ. Tunataka kuichapa kubwa kwa ajili ya kumbukumbu ya ukoo mwezi Desemba, na mdogo wangu anataka avae koti lenyewe, ambalo bado lipo sandukuni, apigwe picha kando yake. Je, sare inatosha kuthibitisha babu alikuwa jeshi gani? Na chini ya picha tuandike nini?"*

Marahaba. Barua yako nimeisoma mara mbili, na naona kinachokusumbua hasa si koti. Mmekaa na hadithi moja miaka sitini, sasa zimekuwa tatu, na Desemba inakuja. Mkiandika "mwanajeshi wa kwanza wa JWTZ" na ikawa si kweli, mtakuwa mmempa mzee sifa ambayo hakuidai. Mkiandika kingine, huenda mkamvua aliyoistahili. Unaomba sare iamue ugomvi wa ukoo. Itawasaidia kwa sehemu, lakini kuamua peke yake haiwezi, na sehemu kubwa ya jibu langu itakuwa kueleza kwa nini.

Tuanze na lililo jepesi: ile picha ya rangi iweke pembeni kabisa. Programu ya simu haikuona rangi ya koti la babu yako, kwa sababu rangi haimo kwenye picha. Iliona kijivu, ikaona umbo la mtu mwenye koti la mifuko minne, ikakisia kutokana na maelfu ya picha nyingine ilizolishwa, ambazo nyingi wanajeshi wake wamevaa kijani. Ungeipa picha ya mhudumu wa hoteli mwenye vifungo vya shaba nadhani ingemvisha kijani vilevile. Tena filamu na karatasi za zamani hazikuona kama jicho linavyoona. Kulikuwa na aina ambayo nyekundu haikuiona kabisa: tarabushi nyekundu ya askari ikatoka nyeusi ti, na nguo ya buluu ikatoka karibu na nyeupe. Wapiga picha wa barabarani waliotumia kamera za sanduku walipiga moja kwa moja juu ya karatasi, na karatasi nayo ni kipofu wa nyekundu. Filamu zilizokuja baadaye ziliona rangi zote, ila kaki na kijani hutoka humo kijivu kilekile. Kwa hiyo hakuna mtu, awe mimi au mashine, anayeweza kuitazama picha hiyo na kukuambia kwa hakika lile koti ni kaki au kijani. Koti lenyewe linaweza, na nitalirudia mwishoni.

Sasa tuje kwenye mwaka ulioandikwa nyuma, maana mwaka wenyewe ni mgumu kuliko unavyodhani. Watu husema "1964" kana kwamba ni siku moja. Kwa mwanajeshi wa Tanganyika mwaka ule ulikuwa na vipande vitatu, na kila kipande kina maana yake.

Kabla ya uhuru, vijana wa Tanganyika waliojiunga na jeshi walikuwa askari wa King's African Rifles, KAR, jeshi la kikoloni lililoundwa mwaka 1902. Tulipopata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, kikosi cha 6 cha KAR kikawa kikosi cha kwanza cha Tanganyika Rifles, kambi yake Colito nje ya Dar es Salaam. Kikosi cha 26 kikawa kikosi cha pili, Tabora. Kambi zile zilikuwa na majina ya vita vya Waingereza: Colito ni mahali Ethiopia palipopiganwa mwaka 1941, na kambi ya Tabora iliitwa Kalewa, mji wa Burma ambako askari wa Afrika Mashariki walifika mwishoni mwa 1944. Watu walewale, kambi zilezile, maofisa wengi wakiwa bado Waingereza. Kilichobadilika siku ile ni jina, bendera, na baadhi ya beji.

Usiku wa kuamkia tarehe 20 Januari 1964 askari wa Colito wakaasi, wakidai mishahara bora na maofisa Waafrika. Siku iliyofuata Tabora nao wakafuata. Tarehe 25 makomando wa Kiingereza wakashuka kutoka manowari Centaur, maasi yakaisha, na Tanganyika Rifles ikavunjwa. Wachache wakafikishwa mbele ya mahakama ya kijeshi. Walio wengi wakarudishwa makwao. Kisha kuna miezi ambayo nchi haikuwa na jeshi lake la maana, na wanajeshi wa Nigeria wakaja kushika nafasi. JWTZ ikazaliwa tarehe 1 Septemba 1964, vijana wake wengi wakichukuliwa kutoka Umoja wa Vijana wa TANU. Colito ikaitwa Lugalo, mahali ambapo Wahehe wa Mkwawa waliwapiga Wajerumani mwaka 1891.

Kwa hiyo mtu aliyepiga picha ya sare Tabora mwaka 1964 anaweza kuwa askari wa Tanganyika Rifles katika wiki tatu za Januari. Anaweza kuwa mtu aliyeachishwa kazi mwezi Machi na koti lake bado liko msumarini. Anaweza kuwa kuruta wa JWTZ wa Novemba. Na anaweza pia kuwa kijana wa Jeshi la Kujenga Taifa, lililoanzishwa mwaka 1963, ambaye wajukuu zake leo wanamwita mwanajeshi bila kutofautisha. Mwaka mmoja unatoa watu wanne tofauti kabisa, na kamera haiulizi.

Hapa ndipo kuna dhana ninayokutana nayo kila mara: kwamba siasa zikibadilika, nguo nazo zinabadilika. La hasha. Serikali hubadilika usiku mmoja. Sare hubadilika stoo ikiisha. Jeshi changa linarithi marobota ya nguo, makasha ya vifungo, mikanda, viatu. Mkuu wa stoo hawezi kuvitupa kwa sababu bendera imebadilika. Kinachotangulia kuondoka ni kile kinachotia aibu kisiasa, yaani taji la mfalme au malkia kwenye beji na kwenye mabega ya maofisa. Kinachofuata ni jina la kikosi. Koti, kaptula na mkanda hukaa miaka. Ndiyo maana katika picha za vipindi vya namna hii utamwona mtu ana beji mpya juu ya kofia kuukuu, au vifungo vya utawala uliokwisha kufa vikishika koti la jeshi la taifa huru.

Kutokana na hilo wanaofanya kazi hii wana kanuni moja ambayo nakuomba uishike: alama mpya inakuambia picha *si ya kabla ya* wakati fulani, lakini alama ya zamani haikuambii kwamba picha *si ya baada ya* wakati fulani. Ukiona nembo iliyoanza Septemba 1964, huwezi kuwa mwaka 1950. Ukiona kitu cha mwaka 1945, unaweza kuwa 1945, 1955, au hata 1964 kwa mtu asiyetupa nguo.

Mfano wa taji ni mzuri, na kama babu yako ana kitu chenye taji unaweza kuujaribu mwenyewe kwa kioo cha kukuzia. Taji la wakati wa wafalme, kuanzia 1901 hadi kifo cha George VI mwaka 1952, lina matao yaliyopanda kama kuba la msikiti. Taji lililofuata, la Malkia Elizabeth, matao yake yamebonyea katikati, kama mtu aliyeshusha mabega. Hili la kubonyea likionekana, picha haiwezi kuwa ya Vita vya Pili vya Dunia, hata mjomba aape.

Sasa babu yako. Kofia pana iliyokunjwa ubavu mmoja ndiyo kofia ambayo askari wa KAR wanaonekana nayo katika picha nyingi za Vita vya Pili, na iliendelea kuvaliwa hadi miaka ya mwisho ya KAR. Si ya zama za Vita vya Kwanza. Mavazi ya wakati ule ukitaka kuyaona, simama mbele ya Sanamu ya Askari pale Samora na Maktaba, Dar es Salaam, iliyosimamishwa mwaka 1927, umtazame kuanzia kichwani hadi miguuni. Na hiyo "pembe" anayoisema bibi, kama ni pembe iliyojikunja ikaning'inia kwa kamba, basi ni baragumu. Baragumu ndiyo alama ya KAR. Bibi ameona vizuri. Neno tu ndilo la nyumbani. Katika baadhi ya beji hizo kulikuwa na namba ya kikosi ndani ya mkunjo, kwa hiyo skani mahali pale kwa ukubwa wa juu kabisa, uone kama kuna 6 au 26.

Kofia na baragumu, vikiwa pamoja, vinanivuta upande wa baba mdogo. Lakini subiri, kuna jambo katika barua yako lililonifanya niketi sawasawa: utepe upo upande wake wa *kulia*.

Nishani na vipande vya utepe wake huvaliwa kifuani kushoto, upande wa moyo. Babu yako ni koplo, maana ndicho cheo cha V mbili, na koplo wa KAR asingethubutu kuvaa kulia. Sajenti wake angemla nyama. Kwa hiyo ama umesema kulia ukimaanisha kulia kwako wewe unayetazama, ama picha imegeuka. Jaribio ni rahisi. Tazama vifungo vya koti. Koti la mwanamume, upande wa kushoto wa mvaaji hulala juu ya upande wa kulia. Kama katika picha yako ni kinyume, basi negativu iliwekwa nyuma-mbele wakati wa kuchapa, na unachokishika ni babu wa kwenye kioo. Kwa picha iliyopigwa na kuchapwa mara moja na fundi makini, kosa hilo si la kawaida. Kwa picha ya *kunakili*, yaani picha ya zamani iliyopelekwa studio ikapigwa upya, hutokea mara nyingi zaidi.

Na hapo hadithi yote inaweza kugeuka. Zamani watu walifanya hivyo kila siku: picha imechakaa, au ndugu wawili wanaitaka moja, inapelekwa studio, fundi anaiweka ubaoni, anaipiga, anachapa mbili. Mtu anaandika nyuma mwaka aliopewa nakala. Inawezekana kabisa kwamba "Tabora 1964" ni mahali na mwaka wa karatasi, na uso ulio mbele ni wa kijana wa mwaka 1946 aliyerudi kutoka vitani. Dalili za nakala ni hizi: weusi umeungua na weupe umeungua, katikati hakuna kitu, nyuzi za koti hazionekani hata ukikuza, mikunjo na mikwaruzo ipo *ndani* ya picha, lakini ukipapasa kwa kidole karatasi ni laini. Ukikuta mkunjo unaouona kwa jicho na usiougusa kwa kidole, hiyo ni picha ya picha.

Karatasi nayo ina umri wake. Ile ya zamani ni karatasi hasa, hujikunja na kuvunjika pembeni. Zile zenye plastiki zilienea kuanzia miaka ya 1970 hivi. Kama yako inateleza kama plastiki, basi hata 1964 si mwaka wa karatasi. Kingo zilizokatwa kama meno zilipendwa kwa miongo kadhaa, hazitusaidii sana. Nyuma tafuta jina la kampuni ya karatasi kwa wino hafifu, na muhuri wa studio. Muhuri ni mali. Shika picha karibu na dirisha jioni, mwanga uje kutoka ubavuni, uone kama kuna maandishi ya penseli yaliyofutwa yakabaki mabonde.

Nisikufiche, mimi mwenyewe nimewahi kuvalishwa kilemba cha ukoka na sare. Miaka ya mwanzo ya kazi nilipewa kuandika maelezo ya picha za familia moja. Kulikuwa na kijana wa koti la kijeshi, mkanda, kifua mbele. Nikaandika "mwanajeshi", nikakisia na kikosi. Wiki chache baadaye ukaja mkusanyiko wa familia nyingine, mji uleule, mtu mwingine kabisa, koti lilelile. Nasema lilelile: mfuko wa juu kushoto ulikuwa umeshonewa kifungo kisichofanana na vingine, chenye matundu manne, cha shati. Nikarudi kwenye kasha, nikampata wa tatu, mnene, kifungo kilekile, koti halifungi. Lilikuwa koti la studio. Lilitundikwa nyuma ya mlango pamoja na tai na saa isiyotembea, na kijana mwenye shilingi zake aliweza kuwa mwanajeshi kwa dakika tano. Nilifuta niliyoandika. Tangu siku ile mtu akiniletea picha ya sare ya studio, vifungo ndivyo ninavyotazama kabla ya uso.

Sisemi babu yako alikodi koti. Nyie koti mnalo, na hilo ni jambo kubwa. Ninachosema ni kwamba sare ni tamko la mvaaji. Tazama Zanzibar Januari hiyohiyo ya 1964. Baada ya Mapinduzi ya tarehe 12, walionekana mitaani vijana wa chama cha Umma waliokuwa wamerudi kutoka mafunzoni Cuba, wenye ndevu na mavazi ya kijeshi ya mtindo wa huko. Habari zikaruka nje kwamba Wacuba wameshuka kisiwani. Walikuwa Wazanzibari, wengine wa mtaa wa pili. Nguo ilisema kweli kuhusu walikosomea na ndoto walizokuwa nazo, ila haikusema walikozaliwa. Na upande wa pili kuna Idi Amin, ambaye kweli alikuwa KAR, kweli alipanda hadi cheo cha effendi mwaka 1959 (ndiyo, huko ndiko "afande" wetu alikotoka), lakini ukizisoma nishani zake za miaka ya 1970 kama hati, utapotea, maana nyingine alijitunuku mwenyewe.

Sasa mnong'ono wa shangazi. Hili nakuomba mlishike kwa mikono miwili. Picha haiwezi kuthibitisha kwamba mtu aliasi, na haiwezi kukanusha. Lakini pia neno "alifukuzwa na walioasi" lina uzito usio sawa na lililotokea. Kikosi kizima kilivunjwa. Askari aliyekuwa zamu jikoni, aliyekuwa likizo kijijini, aliyelala kitandani na malaria, wote walijikuta nje ya jeshi moja na wale walioshika bunduki kuwatoa maofisa. Kurudishwa nyumbani mwaka 1964 si ushahidi wa uasi. Nimeketi na wazee wa namna hiyo. Wengine hawakusema kitu kwa watoto wao hadi kufa, si kwa sababu walifanya baya, ila kwa sababu kueleza kulikuwa kunachosha na hakuna aliyekuwa akisikiliza. Kama babu alikuwa hivyo, inaeleza pia kwa nini hadithi ya JWTZ ilizaliwa: ni njia fupi ya kusema "alikuwa mwanajeshi" bila kufungua mlango wa Januari.

Ukinibana niseme ninakoegemea kwa maelezo yako pekee, bila kuiona picha: sare ni ya upande wa KAR, na tarehe ya nyuma sina imani nayo. Vile vipande viwili vya utepe ndivyo vitakavyotenganisha miaka. Askari wengi wa Tanganyika walikwenda Burma, na utepe wa nishani ya Burma una mstari mpana mwekundu katikati, pembeni buluu iliyopasuliwa na mstari wa machungwa. Aliyekwenda Kenya wakati wa Mau Mau alipata nishani ambayo utepe wake ni wa njano, kingo nyeusi, na mistari miwili membamba ya kijani. Kwa kijivu huwezi kuona rangi, ila mpangilio wa mistari, upana wake na iko wapi, huonekana kwenye skani nzuri. Kama alivaa kichwa cha kifaru begani, hiyo ni Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, iliyopigana Burma. Lakini jihadhari: hata hayo yote yakithibitika, hayafuti uwezekano kwamba mtu huyohuyo alikaa jeshini hadi Tanganyika Rifles, au kwamba JWTZ ilimchukua baadaye. Baba mdogo anaweza kuwa sahihi, na wewe pia, na shangazi pia, mtu mmoja, miaka tofauti.

Chini ya picha, basi, andikeni mnachokiona na mlichokisikia, kila kimoja mahali pake. Kwa mfano: *"Babu yetu katika sare ya kijeshi, cheo cha koplo. Beji ya baragumu ya King's African Rifles. Nyuma imeandikwa 'Tabora 1964'. Huenda ni nakala ya picha ya zamani zaidi. Katika familia husimuliwa kwamba alitumika pia katika JWTZ."* Ni ndefu, najua, na haina mbwembwe za kuchapwa kwenye fulana. Ila mjukuu wenu akija kupata karatasi fulani mwaka 2050, hatalazimika kuwaita waongo. Ile ya rangi mkitaka kuitumia, iandikeni wazi kwamba imetiwa rangi na mashine, na isichapwe kubwa kuliko halisi.

Kuhusu utunzaji nitakuwa mfupi, maana nimepiga kelele hizi sana. Usiipige lamination. Ule moto na gundi haviondoki tena. Usiifute kwa kitambaa chenye maji. Skani mbele na nyuma, angalau nukta 600 kwa inchi, na usiinyooshe wala kuisafisha ile nakala ya kwanza. Fanya urembo kwenye nakala ya pili. Kama picha imeganda kwenye kioo cha fremu, au ina ukungu mweupe unaosambaa, usiibandue mwenyewe. Hapo mpelekee mtu wa kuhifadhi picha, ukaanze kuulizia Makumbusho ya Taifa au Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa.

Kwa rekodi za utumishi, ulizeni JWTZ kwa barua rasmi ya familia, mkiambatanisha cheti cha kifo na uthibitisho wa undugu. Na kwa miaka ya KAR, baadhi ya nyaraka ziko kwenye hifadhi ya taifa ya Uingereza pale Kew. Vyote viwili huenda taratibu, Desemba itawapita. Bibi, kwa upande wake, yupo leo. Mketi naye kabla ya barua yoyote, na msimuulize "babu alikuwa jeshi gani", maana amekwisha kusikia mnavyobishana na atawajibu kwa kumridhisha aliye karibu. Muulizeni vitu vya mwili. Namba yake ya jeshi ilikuwa ngapi? Wake wa askari waliishika ile namba kama jina la mtoto. Aliporudi nyumbani alirudi na nini? Alikuwa na baiskeli wakati ule? Picha hii ilitundikwa nyumba ipi, kabla ya mtoto gani kuzaliwa? Rekodini sauti, mmwache amalize.

Limebaki koti. Mdogo wako asilivae. Sheria yetu hairuhusu raia kuvaa au kukaa na sare za jeshi wala mavazi yanayofanana nazo bila idhini, na JWTZ haifanyi mzaha: mwaka 2023 ilitoa siku saba watu wasalimishe walivyonavyo. Mtasema ni la KAR, jeshi lililokufa. Askari wa barabarani hatakuwa na muda wa somo hilo la historia. Mwoneni mshauri wa mgambo wa wilaya yenu, mumweleze mlicho nacho na kwamba ni kumbukumbu ya marehemu, mpate maelekezo yake kwa maandishi. Msilifue, msilipige pasi.

Ila kabla ya kwenda kwake, litandazeni juu ya shuka jeupe, mchana, mlango wazi, mligeuze nje-ndani. Nguo za jeshi la Kiingereza ziligongwa muhuri kwenye bitana, mara nyingi karibu na shingo au ndani ya mfuko: mshale mdogo wenye vidole vitatu, ukubwa, mtengenezaji, na mara kadhaa mwaka. Wengine waliandika namba yao kwa wino ili wasiibiwe na mwenzao. Kisha wekeni skani kando, mlinganishe: kifuniko cha mfuko, kiraka, mshono uliorudiwa, tundu la pini ya beji. Vikilingana, koti ni lile la pichani na mwaka wake ndio mwanzo wenu. Visipolingana, babu alikuwa na makoti mawili, na itabidi mniandikie tena.